Nani Anaandika wa Mwisho? Kugusa Faili za Gemu ya Kompyuta bila Kuua Hifadhi Yako

Umefungua faili ya hifadhi ya gemu, ukaiona namba ya fedha, ukafuta 1,000 ukaandika 99,999, ukahifadhi. Ukarudi kwenye gemu: mfukoni mna 1,000 zilezile. Ukafungua faili tena, nayo inasema 1,000 kana kwamba hujawahi kuigusa. Wengi wakifika hapa hudhani wamekosea mahali pa kuandika. Wanahamia namba iliyo jirani, wanaibadilisha hiyo nayo, kisha ya tatu, na kufikia jioni hifadhi haifunguki kabisa. Kumbe namba ya kwanza ndiyo ilikuwa yenyewe, ila kuna aliyeandika baada yao.

Faili ya gemu haina mwandishi mmoja. Upo wewe na kihariri chako. Ipo gemu yenyewe. Kipo kizinduzi, yaani programu ya kufungulia gemu kama Steam au GOG, chenye hifadhi yake ya wingu. Upo mfumo wa Windows, ambao wakati mwingine hupeleka maandishi kwenye folda usiyoitarajia. Gemu ikiwa na modi, yaani nyongeza zinazotengenezwa na wachezaji, huenda kuna programu ya kusimamia modi iliyoweka nakala yake ya mipangilio pembeni. Kubadili namba ni kazi ndogo. Kinachomtenga anayehariri kwa amani na anayepoteza saa mia za mchezo ni kujua, kwa kila faili, nani anaandika wa mwisho na anaandika wakati gani.

Mwandishi wa karibu kabisa ni gemu. Gemu nyingi husoma faili zao mara moja: ya mipangilio zinapowaka, ya hifadhi unapoipakia. Kuanzia hapo kila kitu kinaishi kwenye memori, na kilichobaki kwenye diski ni kumbukumbu ya muda uliopita. Ukihariri gemu ikiwa wazi, hakuna kinachobadilika kwenye skrini. Ukitoka, au gemu ikijihifadhi yenyewe, inaandika faili nzima upya kutoka memori bila kuangalia kama kuna mtu aliyepita hapo. Hiyo ndiyo sababu ya kawaida zaidi ya zile 1,000 kurudi. Kwa hiyo gemu ifungwe kabisa kabla ya kugusa chochote, na kufungwa si kuipunguza chini ya skrini wala kurudi kwenye menyu kuu. Angalia Task Manager, kwa sababu baadhi ya gemu huacha mchakato ukiendelea kwa muda baada ya dirisha kupotea.

Vizinduzi vya gemu fulani navyo vina tabia hiyo. Gemu za Bethesda kama Skyrim na Fallout 4 zina dirisha dogo la kuchagua ubora wa picha kabla ya mchezo kuanza, na ukibadili chaguo humo, faili za mipangilio huandikwa upya na sehemu ya ulichorekebisha kwa mkono inaweza kufutika.

Familia mbili zenye tabia tofauti

Faili za mipangilio na faili za hifadhi hutajwa pamoja kana kwamba ni kitu kimoja, na hapo ndipo ushauri mwingi unapopotosha. Faili ya mipangilio inasema picha iwe na ukubwa gani, sauti iwe juu kiasi gani, kitufe kipi kirushe risasi. Ikiharibika, kwa gemu nyingi dawa ni rahisi: ifute au iondoe, washa gemu, nayo itaandika mpya yenye thamani za mwanzo. Utapoteza dakika chache za kupanga upya vitufe.

Faili ya hifadhi haina wa kuitengeneza upya. Hakuna thamani za mwanzo za safari yako. Gemu haiwezi kukisia ulikuwa umefika wapi. Kwa hiyo ninaposikia mtu akisema “jaribu tu, ikikataa futa faili”, huwa nauliza kwanza anazungumzia faili ipi. Ushauri huo ni mzuri kwa familia ya kwanza na ni balaa kwa ya pili.

Ugumu ni kwamba mpaka kati ya familia hizi si ukuta. Yako mambo yanayoandikwa kwenye mipangilio lakini yanapenya hadi kwenye hifadhi. Mfano unaojulikana sana ni uGridsToLoad ya Skyrim. Thamani yake ya kawaida ni 5, maana yake gemu inashikilia hai eneo la vipande vitano kwa vitano, yaani 25, kumzunguka mchezaji. Ukiweka 7 unapata vipande 49 na milima ya mbali inapendeza. Lakini kila kilicho hai ndani ya vipande hivyo huingia kwenye hifadhi. Ukirudisha 5 baadaye, hifadhi ulizoandika ukiwa na 7 huelekea kukataa kufunguka au kuiangusha gemu. Umegusa mstari mmoja kwenye faili ya mipangilio, ukabadili hifadhi zako zote zilizofuata.

Kasi ya fremu ni mfano mwingine. Katika Skyrim ya 2011 na Fallout 4, hesabu za mwendo wa vitu zimefungwa kwenye fremu 60 kwa sekunde. Ukiondoa kizuizi hicho kwa kubadili iPresentInterval, vikombe na sahani huruka mezani unapoingia chumbani, na maadui husukumwa mahali pasipo pao. Hifadhi ikiandikwa wakati huo, fujo hiyo inahifadhiwa nayo. Mipangilio ya picha, kama vivuli na umbali wa majani, haina hatari hiyo. Ile inayogusa dunia, muda na fizikia ndiyo ya kuogopa, hata ikiwa imeandikwa kwenye faili ileile.

Zinakaa wapi

Hakuna anuani moja. Kwenye Windows, sehemu za kutafuta ni Documents, hasa folda ya My Games. Folda ya Saved Games ya mtumiaji. Na AppData, yenye vyumba vitatu vya Local, LocalLow na Roaming. AppData imefichwa, kwa hiyo njia ya haraka ni kubonyeza kitufe cha Windows pamoja na R, kisha kuandika %appdata% au %localappdata%. Gemu zilizojengwa kwa injini ya Unity hupenda LocalLow, chini ya jina la kampuni na la gemu, na baadhi ya mipangilio yao haiko kwenye faili hata kidogo. Iko kwenye rejista ya Windows, chini ya HKEY_CURRENT_USER\Software. Za Unreal huweka mipangilio kwenye AppData\Local, ndani ya Saved\Config, na hifadhi kwenye Saved\SaveGames. Stardew Valley iko %appdata%\StardewValley\Saves. Gemu nyingine hutumia folda ya userdata ndani ya Steam yenyewe. Anayecheza kwenye Linux au Steam Deck gemu ya Windows kupitia Proton, programu inayoziwezesha gemu hizo kuendeshwa huko, atakuta “diski C” bandia ndani ya steamapps/compatdata, chini ya namba ya gemu hiyo. Tovuti ya PCGamingWiki ina orodha ya mahali hapo kwa maelfu ya gemu, na ni afadhali kuisoma kuliko kutafuta kwa kubahatisha.

Kuna mitego miwili inayofanya mtu ahariri faili sahihi mahali pasipo sahihi. OneDrive ikiwa imewashwa, mara nyingi folda ya Documents huhamishiwa ndani ya OneDrive, na unaweza kubaki na folda mbili zenye jina hilohilo, moja hai na nyingine mzoga. Mtego wa pili ni wa gemu za zamani zilizozoea kuandika ndani ya Program Files. Tangu Windows Vista, mfumo hauruhusu programu ya kawaida kuandika humo. Badala ya kuikatalia gemu kongwe, Windows huielekeza kimyakimya kwenye AppData\Local\VirtualStore. Wewe unahariri iliyoko Program Files, gemu inasoma iliyoko VirtualStore, na kila mmoja anaamini yuko sawa.

Namna ya kujua ipi iko hai ni kutazama saa ya mwisho ya kubadilishwa. Washa gemu, badili kitu kidogo kama sauti, toka, kisha angalia ni faili ipi imepata saa mpya. Hapo umempata mwandishi akiwa kazini.

Nakala ya akiba, na wapi pa kuiweka

Nakili folda nzima, usinakili faili moja. Gemu nyingi hugawa safari moja kwenye faili kadhaa: Stardew Valley ina faili kuu na nyingine iitwayo SaveGameInfo, Skyrim yenye kiongezi cha SKSE huandika faili ya .ess na pacha wake wa .skse; dunia ya Minecraft ni folda yenye level.dat pamoja na rundo la faili za maeneo. Ukirudisha moja na kuacha nyingine, unapata hifadhi ambayo nusu yake ni ya jana na nusu ya leo.

Iweke nakala nje ya folda ya gemu. Baadhi ya gemu husoma kila kilichomo kwenye folda ya hifadhi, zikikuta “Nakala ya Save1” zinaionyesha kwenye orodha kama hifadhi halali, na wingu nalo linaipandisha. Folda tofauti kwenye diski nyingine, yenye tarehe na toleo la gemu kwenye jina lake, inatosha. Kama hutaki kufanya kwa mkono, programu ya Ludusavi hufanya kazi hiyo kwa gemu nyingi kwa pamoja.

Usitegemee nakala ambazo gemu yenyewe inaweka. Minecraft ina level.dat_old, Stardew ina faili zenye _old mwishoni, Elden Ring ina ER0000.sl2.bak, Terraria ina .bak. Zinasaidia umeme ukikatika katikati ya kuandika, lakini zinazunguka: ukihifadhi tena mara moja au mbili, ile _old nayo inakuwa imebeba kosa lako. Na nakala ambayo hujawahi kuijaribu ni tumaini tu. Kabla ya kuhariri, irudishe mara moja, fungua gemu, uone inapakia. Inachosha, nakubali, lakini ndiyo njia pekee ya kujua kwamba ulinakili folda hai na si ule mzoga wa OneDrive.

Faili za maandishi na ukorofi wake mdogo

Faili za mipangilio kwa kawaida ni maandishi matupu: .ini, .cfg, .json, .xml. Zifungue kwa kihariri cha maandishi tu, Notepad au Notepad++. Programu ya kuandikia barua itageuza alama za nukuu kuwa zilizopinda na kuongeza vitu visivyoonekana, na gemu haitaelewa hata mstari mmoja.

Kosa la kipuuzi kuliko yote ni la kiendelezi. Windows huficha viendelezi vya faili tangu mwanzo, hivyo mtu anayeunda faili mpya ya autoexec.cfg anajikuta ana autoexec.cfg.txt, na gemu haiioni. Washa uonyeshaji wa viendelezi kwenye File Explorer kabla ya yote. Mwisho wa mstari nao ulikuwa tatizo zamani: Notepad ya Windows ilikuwa ikionyesha faili zenye mtindo wa Linux kama mstari mmoja mrefu, hadi ilipoboreshwa mwaka 2018. Siku hizi kinachosumbua zaidi ni usimbaji wa herufi, yaani namna herufi zinavyogeuzwa kuwa baiti ndani ya faili. Ikiwa kihariri kinaonyesha faili ni UTF-8, ihifadhi hivyohivyo. Ikiwa ni UTF-16, usiibadilishe kwa sababu tu unadhani nyingine ni ya kisasa.

Kila muundo una masharti yake. JSON haivumilii koma baada ya kipengele cha mwisho. XML haikubali alama ya & ikiwa uchi ndani ya jina. Namba za desimali karibu siku zote huandikwa kwa nukta, hata kama kompyuta yako imepangwa kutumia koma. Faili ya .ini ina vichwa ndani ya mabano ya mraba, na mstari uliowekwa chini ya kichwa kisicho chake hupuuzwa bila onyo. Hilo la mwisho hupoteza muda wa watu wengi kuliko yote, kwa sababu gemu haisemi kosa. Inaendelea tu na thamani yake ya mwanzo, nawe unabaki ukiapa kwamba mpangilio huo haufanyi kazi.

Mipangilio pia huja kwa tabaka. Fallout 4 ina Fallout4.ini, Fallout4Prefs.ini na Fallout4Custom.ini. Jambo moja likitajwa kwenye Fallout4.ini na kwenye Custom, ya Custom ndiyo inayoshinda, na gemu haina mazoea ya kuiandika upya. Basi mabadiliko yako yaweke humo: ukitaka kurudi nyuma unaiondoa faili moja, na zile nyingine mbili hujazigusa. Gemu za injini ya Source za Valve zina autoexec.cfg kwa kazi ileile, tofauti na config.cfg ambayo gemu huiandika yenyewe. Popote unapopewa faili ya namna hiyo, itumie.

Pasipo na faili hiyo, watu huamua kuifanya faili iwe ya kusomwa tu ili gemu isiweze kuifuta. Inafanya kazi, hasa kwa GameUserSettings.ini ya Unreal. Lakini baadhi ya gemu huanguka zinaposhindwa kuandika, na nyingine zinaendelea kana kwamba zimehifadhi, halafu miezi miwili baadaye unashangaa kwa nini sauti haikubali kubadilika. Ukitumia njia hiyo, iandike mahali utakapoikumbuka. Kamwe usiitumie kwa faili ya hifadhi.

Ndani ya hifadhi yenyewe

Hifadhi zina viwango vya ugumu. Za Stardew Valley ni XML inayosomeka, ingawa faili haina kiendelezi. Hearts of Iron IV huandika hifadhi kwa baiti tupu, yaani data isiyosomeka kama maandishi, lakini ukiweka save_as_binary=no kwenye settings.txt, hifadhi mpya zinatoka zikiwa maandishi. level.dat ya Minecraft imefinyazwa kwa gzip na ndani ina muundo wake uitwao NBT, kwa hiyo unahitaji kihariri kinachoujua. Hifadhi za RPG Maker MV ni JSON iliyofinyazwa. Baada ya hapo zinakuja zile za baiti tupu, na mwisho zilizosimbwa kwa siri, ambazo bila programu maalumu hazifai kuguswa.

Tuangalie hizi za baiti, maana ndizo zinazofundisha. Kwenye kihariri cha baiti kama HxD, namba 1,000 haionekani kama 1000. Kwa mfumo wa tarakimu 16 ni 3E8, na kwenye kompyuta za kawaida baiti ndogo hutangulia, kwa hiyo namba ya biti 32 itaandikwa E8 03 00 00. Na 99,999 ni 9F 86 01 00. Mpaka hapo ni sawa. Lakini vipi kama mtengenezaji alitenga biti 16 tu kwa ajili ya fedha? Nafasi hiyo inaishia 65,535. Ukiandika baiti nne mahali pa mbili, fedha zitasomeka 34,463, na ile 01 iliyozidi itakuwa imemwagikia kwenye kitu kilicho jirani: afya, namba ya silaha, hatua ya kisa (misheni ya mchezo), huwezi kujua. Hata biti 32 zina kikomo. Namba yenye alama ya kujumlisha na kutoa huishia 2,147,483,647. Ukijaza hadi hapo kwa tamaa, sarafu moja utakayookota inaweza kukugeuza kuwa mdaiwa wa bilioni mbili.

E8 03 itaonekana mara nyingi ndani ya faili, na hapo ndipo subira inahitajika. Hifadhi ukiwa na 1,000. Nunua kitu ubaki na 963. Hifadhi kwenye nafasi nyingine, kisha linganisha faili mbili. Tafuta mahali penye E8 03 upande mmoja na C3 03 upande wa pili. Sheria ni kubadili baiti kwa baiti: usiongeze wala usipunguze hata moja, kwa sababu sehemu nyingine za faili hutaja kilipo kitu kwa kuhesabu baiti tangu mwanzo. Kubadili jina la mhusika kuwa refu zaidi kunavunja hesabu hiyo yote, na kwa gemu nyingi jina hutanguliwa na urefu wake, ambao nao lazima ukubaliane.

Halafu kuna namba ya uhakiki. Gemu hupitisha baiti zote kwenye hesabu kama CRC32 au MD5, ikaandika jibu ndani ya faili, kama jumla iliyo chini ya risiti. Ukibadili bei moja bila kubadili jumla, gemu inasema hifadhi imeharibika. Haina maana kwamba umevunja kitu. Inamaanisha hujafunga hesabu. Elden Ring iko kundi hili, na juu ya hapo hifadhi yake imebeba namba ya akaunti ya Steam, ndiyo maana kunakili faili ya mtu mwingine hakutoshi. Vihariri vilivyotengenezwa kwa gemu husika hupiga hesabu hiyo upya vyenyewe. Kama kipo kinachoaminika, kitumie. Sioni fahari yoyote ya kufanya kwa mkono.

Kilicho muhimu zaidi ya jinsi ya kubadili ni nini cha kubadili. Fedha, malighafi, afya: hizi ni namba zinazosimama peke yake, na kuzigusa ni salama kiasi. Hatua za visa ni kitu kingine. Kisa kikiandikwa “kimekamilika” bila gemu kupitia matukio yake, mlango uliopaswa kufunguliwa na tukio hilo unabaki umefungwa, mtu aliyepaswa kuhama bado amesimama palepale, na tatizo linajitokeza saa ishirini baadaye, wakati nakala zako zote za akiba zimeshapita. Vitu vya modi navyo vina hila: ukimpa mhusika upanga uliotoka kwenye modi, kisha ukaiondoa modi, hifadhi inabeba namba ya kitu kisichokuwepo. Gemu nyingine hukifuta kimyakimya, nyingine huanguka.

Wingu si nakala ya akiba

Sasa mwandishi anayesahaulika kuliko wote. Hifadhi ya wingu ya Steam hulinganisha faili zako kabla gemu haijawaka na baada ya kufungwa. Kazi yake ni kuhakikisha pande mbili zinafanana. Haijui ipi nzuri. Ukihariri vibaya, ukafungua gemu na kutoka, wingu limepokea uharibifu huo kwa uaminifu kamili. Ukifuta faili kwenye diski ukitarajia kuanza upya, huenda ikarudi kutoka wingu kabla gemu haijafunguka. Au kufuta kwako kukapandishwa na kwenye kompyuta yako ya pili hifadhi ikatoweka.

Njia ya utulivu ni kulitoa wingu kazini kwa muda. Kwenye sifa za gemu hiyo ndani ya Steam, zima ulandanishaji wa wingu. Nakili folda. Hariri. Fungua gemu, pakia hifadhi, kisha hifadhi tena kutoka ndani ya gemu yenyewe, kwenye nafasi mpya ikiwezekana, ili faili iandikwe upya kwa mkono wa gemu. Toka. Cheza kipindi kimoja kizima bado wingu likiwa limezimwa. Ukiridhika, liwashe. Steam ikikuta pande mbili zinapingana itakuuliza uchague, na hapo soma saa za kila upande kwa makini. Dirisha hilo ndilo mahali ambapo watu hubofya kwa haraka na kufuta wiki nzima.

Ile huduma ya kuhakiki ukamilifu wa faili za gemu ni kitu tofauti, na huchanganywa mara kwa mara. Inakagua folda ambamo gemu imesakinishwa na kurudisha faili zilizobadilishwa humo. Kwa kawaida haigusi Documents wala AppData. Kwa hiyo haitaponya hifadhi iliyoharibika, ila itafuta kwa furaha faili ya .ini uliyoihariri ndani ya folda ya gemu.

Faili za wengine, na mipaka ya mtandaoni

Hifadhi iliyokamilika ya mtu mwingine inaonekana kama kitu kisicho na madhara. Mara nyingi ni hivyo. Lakini kuna miundo ambayo si data tu. Gemu za injini ya Ren'Py huhifadhi kwa kutumia pickle ya lugha ya Python, na faili ya pickle iliyotengenezwa kwa nia mbaya inaweza kuendesha amri kwenye kompyuta inapopakiwa. Matoleo mapya ya Ren'Py hukuuliza kabla ya kufungua hifadhi iliyotoka kwenye kifaa kingine, na swali hilo lisibofywe kwa mazoea. Vihariri vya hifadhi vinavyosambazwa kama .exe vichukulie kwa tahadhari hiyohiyo: kile ambacho msimbo wake uko wazi na kinajulikana, sawa, kile kinachokutaka uzime kinga ya virusi kwanza, hapana.

Kwa gemu za mtandaoni ambazo safari yako iko kwenye seva, hakuna faili ya hifadhi ya kuhariri, na anayekuuzia programu ya kufanya hivyo anakuibia. Zinazochanganya ni zile zenye mchezo wa peke yako na wa pamoja ndani ya hifadhi moja. Ukijipa vitu nje ya mtandao kisha ukaingia mtandaoni na mhusika yuleyule, umewapelekea wengine matokeo, na akaunti inaweza kufungiwa. Marufuku ya VAC, mfumo wa Valve wa kuwanasa wadanganyifu, ni ya kudumu. Faili za mipangilio kama autoexec.cfg zinaruhusiwa kwenye gemu ambazo zimeziandalia nafasi; kuondoa moshi au majani ili kumwona adui ni jambo lingine, na baadhi ya gemu hulikagua. Soma masharti ya gemu husika, na mhusika uliyemhariri mwache abaki nje ya mtandao.

Ikiharibika licha ya yote, pinga hamu ya kuendelea kufungua na kufunga gemu, kwa sababu kila mzunguko unasogeza _old na .bak mbele. Funga gemu, zima wingu, hamisha folda iliyoharibika kando badala ya kuifuta, kisha rudisha folda nzima ya akiba. Angalia pia kama gemu ilijisasisha katikati. Toleo jipya kwa kawaida hufungua hifadhi za zamani na kuzigeuza ziwe za mtindo wake, lakini toleo la zamani halifungui za mtindo mpya. Ndivyo ilivyokuwa Stardew Valley ilipohamia 1.6 mwaka 2024, na modi nyingi zikahitaji muda kuifikia. Ukilazimika kurudi toleo la nyuma, watengenezaji wengine huliacha kwenye kichupo cha Betas cha Steam, nawe utahitaji nakala iliyoandikwa kabla ya sasisho, ile yenye namba ya toleo kwenye jina la folda.